Saba Saba ya Nani? Roketi katika Maandishi Yetu ya Vita

Hadithi za vita zinazoandikwa na vijana wenzangu zina ugonjwa mmoja. Roketi inafyatuliwa ukurasa wa pili. Kufika ukurasa wa tatu adui ameshasambaratika, shujaa anajipangusa vumbi na kuwasha sigara. Nani alikuwa pale roketi ilipoangukia? Alikuwa anafanya nini muda ule? Kimya. Miswada ya aina hii nimeisoma mingi, mingine imeandikwa kwa Kiswahili safi kabisa, na kila mara swali langu linabaki ni lile lile. Safari hii naliuliza hadharani. Wala siwaulizi chipukizi peke yao, maana hata wakubwa zetu wana la kujibu.

Ugonjwa tumeuokota wapi? Nusu ya jibu iko kwenye mabanda ya video. Kizazi kizima cha Bongo kilijifunza vita kwa Rambo na kwa Arnold Schwarzenegger, huyo "Anodi" wetu. Katika Commando, filamu ya mwaka 1985, kuna ile silaha ya begani yenye midomo minne ya kurushia roketi, na ikitokea tu banda zima linapiga mluzi. Sasa tazama kamera imekaa wapi. Imekaa nyuma ya bega la mpigaji. Sisi watazamaji tumekaa hapo hapo nyuma ya bega, tunanusa moshi wa ushindi kwa kiingilio cha shilingi chache. Mtu akitoka pale akaenda kuandika, kalamu nayo inakaa nyuma ya bega.

Nusu ya pili ni riwaya zetu za upelelezi. Nampenda Willy Gamba wa marehemu Elvis Musiba, na atakayemtukana tutakosana. Lakini Willy Gamba ni mtu wa bastola, na bastola ina anuani. Unamwona unayempiga, na msomaji anajua nani kafa na kwa nini. Kijana anachukua ufundi huo wa bastola na kuubandika kwenye roketi, utadhani roketi ni bastola iliyonenepa. Hapo ndipo hadithi inapoharibika, maana roketi inaandikwa kama barua ya serikali: "Kwa yeyote anayehusika."

Tuielewe silaha yenyewe kwanza. Mwandishi asiyejua jembe linashikwaje hawezi kumwandika mkulima, na hili nalo ni hivyo hivyo. Kombora la mzinga hutupwa na nguvu inayolipuka ndani ya mtutu, ndiyo maana mzinga una chuma kizito na unarudi nyuma kwa kishindo. Roketi inabeba baruti yake yenyewe na kuichoma njiani. Bomba la kuirushia halipati msukosuko mkubwa, kwa hiyo linaweza kuwa jepesi, na mabomba mengi yanaweza kupangwa juu ya lori moja. Ile BM-21 ya Warusi, iliyoingia jeshini kwao mwaka 1963, ina mirija 40 juu ya lori, kila mmoja wa milimita 122. Mirija yote humaliza kufyatua kwa kama sekunde 20, na roketi huanguka umbali wa kilomita 20 hivi. Haikutengenezwa kumpiga mtu fulani. Imetengenezwa kupiga eneo: shamba, kambi, kijiji, barabara na waliomo. Ikishafyatua, lori linatakiwa liondoke haraka, kwa sababu moshi na vumbi vimeshasema liko wapi.

Mwandishi mwenzangu, umeona hapo kuna hadithi ngapi? Kuna dereva anayetakiwa kukimbia kabla hajajua alichokifanya. Kuna mpigaji ambaye katika maisha yake yote ya vita hatamwona hata mmoja wa aliowapiga. Na huko kilomita 20, kuna mtu anakoroga uji. Wewe ukatuandikia sigara!

Maneno pia yanatushinda. Katika miswada hiyo kila kitu ni "bomu". Mzinga ni bomu, kombora ni bomu, roketi ni bomu, hata fataki za harusi ni bomu. Kiswahili si maskini hivyo. Chukua neno mzinga tu. Huku Uzaramo mzinga ni gogo lililotobolewa na kutundikwa mtini, nyuki wakae, tupate asali. Wazee walipokiona chuma chenye tundu kinachotema moto waliona gogo lile lile, wakakipa jina lile lile. Halafu fikiria lori lenye mirija 40. Aliyewahi kuvamiwa na nyuki anaelewa haraka kuliko aliyesoma kitabu cha jeshi: hukimbii nyuki mmoja, unakimbia wote, na hujui yupi atakufika. Lugha imekuwekea mfano huo mlangoni. Wewe umeuruka, umekwenda kuazima mlipuko wa sinema.

Sasa tuje kwenye majina, maana huko ndiko hoja yangu iliko. Jina la silaha linaeleza aliyelitoa alikuwa amesimama upande gani. Kiwanda cha Warusi kiliiita BM-21 "Grad", yaani mvua ya mawe. Hilo ni jina la mtengenezaji. Dada yake mkubwa, ile BM-13 iliyofyatuliwa vitani kwa mara ya kwanza Orsha tarehe 14 Julai 1941, askari wa Kirusi waliiita Katyusha, jina la msichana aliyeimbwa kwenye wimbo wa mapenzi uliopendwa tangu mwaka 1938. Hilo ni jina la mpigaji. Anayeipenda ndiye anayeipa jina la mchumba. Wajerumani, ambao iliwaangukia, waliiita kinanda cha Stalin, kwa sababu ya mpangilio wake na ule mlio wake wa kulia. Hilo ni jina la anayepigwa. Silaha ni hiyo hiyo, lakini imepata majina matatu kwa sababu waliosimama kuizunguka walikuwa pande tatu.

Waganda je? Roketi za jeshi letu zilipowafikia katika vita vya 1978 na 1979, waliziita Saba Saba.

Simama kidogo hapo. Kwa Mtanzania, Saba Saba ni tarehe 7 Julai, siku TANU ilipozaliwa mwaka 1954. Ni sikukuu, ni maonyesho ya Barabara ya Kilwa, ni watoto wananunuliwa maputo. Kwa Mkenya ni tarehe 7 Julai 1990, Kamukunji, virungu na mabomu ya machozi kwa waliodai vyama vingi. Kwa Mganda wa umri fulani ni mlio angani na kutafuta shimo la kujificha. Neno la Kiswahili ni moja, watu wa Afrika Mashariki ni wale wale, na kila mmoja akilisikia moyo unakwenda njia yake. Katika maandishi yetu ya hapa nyumbani nimesoma Saba Saba ya maputo mara nyingi mno. Ile ya Mganda, ambayo sisi ndio tuliyomtumia, naitafuta bila kuiona.

Haikuwa hivi tangu zamani, na hili ndilo linaloniuma. Hemedi bin Abdallah el-Buhriy wa Tanga, aliyetunga utenzi wa vita vya Wadachi kuitamalaki Mrima, alikaa upande uliopigwa. Manowari zilikuwa za Wajerumani, pwani ilikuwa yake. Abdul Karim bin Jamaliddini wa Lindi, aliyetunga utenzi wa Maji Maji, naye alizungumza kutoka nchi iliyochomwa. Vita hivyo vya 1905 vilifika mpaka huku kwetu Uzaramo, na Kibasila wa Kisangire, ambaye shule ya Dar es Salaam imepewa jina lake, alinyongwa na Wajerumani. Watu waliokwenda kwenye bunduki wakiamini risasi zitageuka maji walikuwa wakitafuta jibu la silaha isiyojibika. Fasihi yetu ya vita ilizaliwa hapo, upande wa mlengwa.

Wala hatukuwa peke yetu. Kumbuka roketi yenyewe ilitoka kwa wanyonge kwenda kwa wenye nguvu. Wachina walitangulia na baruti. Huko India, Haidar Ali na mwanawe Tipu Sultan wa Mysore walirusha roketi za mirija ya chuma wakiwapiga Waingereza, kwa mfano pale Pollilur mwaka 1780. Tipu alipouawa mwaka 1799 Waingereza waliondoka na roketi hizo, William Congreve akazichunguza na kutengeneza zake, na mwaka 1807 zikaichoma Copenhagen. Mwaka 1868 wanamaji wa Uingereza walipanda na mabomba ya roketi mpaka milima ya Uhabeshi. Tarehe 10 Aprili waliwafyatulia askari wa Mfalme Tewodros pale Arogi, chini ya Maqdala, na siku tatu baadaye mfalme alijiua. Kwa miaka mingi Mwafrika aliijua roketi upande mmoja tu, upande inapotua.

Halafu tukapata uhuru, tukapata na malori yenye mirija. Amin alivamia tarehe 30 Oktoba 1978, akadai ardhi yetu mpaka Mto Kagera, askari wake wakaua, wakabaka, wakapora. Mwalimu akatangaza kwamba sababu tunayo, uwezo tunao na nia tunayo. Novemba hiyo hiyo roketi zetu zikaanza kuvuka mto. Baada ya ushindi vikaja vitabu. Baldwin Mzirai alitoa Kuzama kwa Idi Amin mwaka 1980, na Henry Muhanika akatoa Utenzi wa Vita vya Kagera na Anguko la Idi Amin Dada mwaka 1981. Sina ugomvi na vitabu hivyo. Taifa lililovamiwa lina haki ya kuimba, na viliandikwa wakati moto wa ushindi ungali unawaka. Lakini soma majina tu: Kuzama, Anguko. Yanatazama chini kutoka juu. Mtunzi amehama, ametoka ufukweni kwa Hemedi, amepanda juu ya lori.

Msije mkaniambia kwamba haiwezekani kuandika vita usiyoiona. Shaaban Robert aliandika Utenzi wa Vita vya Uhuru, juu ya vita ya 1939 hadi 1945, naye alikuwa karani wa serikali Tanganyika, mbali na mizinga ya Ulaya. Alitegemea habari zilizomfikia. Kuona kwa macho si sharti. Sharti ni kuchagua pa kukaa.

Tena sisi wenyewe tulikalishwa upande wa pili, ila hatupendi kusema. Tarehe 10 Machi 1979, pale Lukaya kwenye barabara ya Masaka kwenda Kampala, brigedi yetu ya 201, iliyojaa wanamgambo wapya, ilikutana na Walibya waliokuja kumwokoa Amin. Nao walikuwa na Katyusha. Roketi zao nyingi zilipita juu ya vichwa na kuanguka nyuma, lakini vijana wengi walikuwa hawajawahi kupigwa na kitu cha namna hiyo. Walivunja mstari wakakimbilia kwenye kinamasi. Usiku ule makamanda walihangaika kuwakusanya. Alfajiri brigedi ya 208 ya Mwita Marwa ikaja kwa ubavuni, Walibya na askari wa Amin wakavunjwa, na tarehe 11 Aprili Kampala ikaanguka.

Habari hiyo ya kinamasi mimi niliipata kwa Kiingereza, katika kitabu cha waandishi wawili waliofuatana na jeshi letu, Tony Avirgan na Martha Honey, kilichotoka mwaka 1982. Yaani hofu ya kijana wa mgambo, aliyeita "mama yangu" kwa Kiswahili, nimeisoma kwa Kiingereza! Hivi hiyo si aibu kwetu tunaojiita waandishi?

Na wahusika tunao hapa hapa. Maneromango yupo mzee aliyekwenda Uganda na mgambo. Nilipomuuliza juu ya roketi hakunipa hata neno moja la ushindi. "Mjukuu wangu," alisema, "ni kama mtu anachana shuka jipya juu ya kichwa chako, na shuka lenyewe haliishi." Kisha akaniambia kilichomtesa zaidi siku ile: alipoteza kiatu kimoja matopeni, akaona haya kuomba kingine kwa sababu angeulizwa kimepoteaje. Kiatu hicho kina uzito kuliko miswada kumi ya akina Rambo niliyoisoma. Ndani yake mna hofu, mna aibu, mna jeshi zima. Nani kamwandika?

Upande wa Masaka napo pagumu zaidi, na hapo ndipo uhakiki unapogharimu. Mji ule tuliuteka tarehe 24 Februari 1979 baada ya kuupiga kwa mizinga, na baada ya kuingia wanajeshi wetu waliyalipua majengo kulipiza kisasi cha Kagera. Mwalimu mwenyewe alishtuka aliposikia, akaagiza yasirudiwe. Ikiwa Amiri Jeshi Mkuu aliweza kushtuka, kwa nini mwandishi asiweze? Najua kuna watakaosema ninawasaliti mashujaa waliolala Kaboya. Hapana. Kila tarehe 25 Julai tunawakumbuka, na wanastahili. Ila shujaa anayeandikwa bila hofu na bila waliodhurika njiani anakuwa sanamu ya saruji. Sanamu hakuna anayeililia. Ukimwandika aliyekimbia kwenye kinamasi usiku na alfajiri akarudi mstarini, hapo umeandika ushujaa ambao msomaji ataugusa.

Anayedhani haya ni ya Uganda na ya zamani, akumbuke Mbagala tarehe 29 Aprili 2009 na Gongo la Mboto usiku wa tarehe 16 Februari 2011. Maghala ya silaha ya jeshi yalilipuka, makombora yakaruka yenyewe na kuangukia nyumba za watu, na kila mara walikufa zaidi ya watu 20. Hakukuwa na adui wala mpigaji. Ukitoka Dar kuja kwetu kwa njia ya Pugu na Kisarawe, Gongo la Mboto unaipita. Usiku ule maelfu walikimbia bila kujua wanakimbia nini. Kina mama walipotezana na watoto, watu wakalala uwanja wa mpira. Kwa maana nyingine, watu wa kawaida wa Dar es Salaam walijua kwa usiku mmoja kile Waganda walichokiita Saba Saba. Zaidi ya miaka kumi imepita. Magazeti yaliandika, tume ziliundwa, na bado naisubiri riwaya.

Na Goma je? Goma wanasema Kiswahili, chao, chenye ladha yake. Tarehe 3 Mei 2024 makombora yaliangukia kambi za wakimbizi pale Mugunga, ukingoni mwa mji, yakaua watu wengi, wakiwemo watoto. Waliopiga yowe walipiga kwa lugha hii tunayoandikia. Kama Kiswahili chetu cha fasihi kinajua roketi kwa upande wa mfyatuaji tu, basi hakina la kuwaambia wenyewe wanaokisema chini ya roketi. Hapa simtetei Mwarusi, Mmarekani, M23 wala serikali ya nani. Nasema lugha imekwenda mahali ambapo maandishi yake hayajafika.

Kwa hiyo, mwandishi mwenzangu unayeleta mswada wa vita, usinitajie roketi kabla hujajua itatua wapi. Nipe jina la anayekoroga uji. Nipe kiatu. Kama umechagua kukaa juu ya lori, haya, kaa, hakuna anayekukataza, lakini mwonyeshe huyo dereva anavyogeuka kutazama nyuma, maana atageuka tu. Pita kwa wazee kabla hawajaondoka. Mgambo aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1979 leo ni mzee wa makamo ya sitini na kitu, anakaa barazani, anakohoa, na hakuna aliyemuuliza. Ukipata nauli vuka mpaka, nenda Masaka ukawaulize kina mama wa umri huo Saba Saba ni nini. Watakujibu. Ukirudi na jibu lao, lete. Hata likiwa limeandikwa kwa penseli kwenye daftari la mistari, nitalisoma kabla ya zile za sigara.